Mbeleko ya Bega

Chumba kilikuwa kimoja, kazi mbili. Upande wa dirishani alikaa mume na cherehani yake. Upande wa mlangoni alisimama mke na vitana vyake. Katikati palikuwa na kioo kirefu. Juu ya kioo palikuwa na rafu ya mbao, na kando ya rafu, chini kidogo, msumari. Kioo kilikuwa cha wote wawili: wateja wa mke walitazama vichwa vyao, wateja wa mume walitazama nguo zao. Kwa miaka kumi na tisa ugomvi wao mkubwa ulikuwa mmoja tu, nani afagie. Vipande vya nyuzi na vya nywele vikishachanganyika, havina mwenyewe.

Mume aliitwa Fundi na kila mtu, hata na dada yake wa tumbo moja. Mke aliitwa Vidole. Jina hilo alipewa na wateja kwa sababu ya kasi yake. Walisema ukikaa kwenye kiti chake, unamaliza kusukwa kabla hujamaliza kumsengenya jirani.

Lakini kwa miezi miwili sasa kasi hiyo ilikuwa imepungua. Vidole alitandika mkeka, akawaambia wateja wakae chini. "Kiti kimelegea mguu," alisema. Kiti kilikuwa kizima. Ukweli ni kwamba mteja akikaa chini, msusi hana haja ya kuinua mkono. Na mkono wa kulia wa Vidole ulikuwa hauinuki.

Yote yalianza siku aliyopanda kigoda kuchukua boksi la nywele kwenye rafu. Kigoda kiliteleza. Vidole alianguka na kuukita mkono wa kulia sakafuni. Ndani ya bega alisikia kitu kikilia kama kitambaa kinapochanwa. Aliinuka, akacheka, akasema hakuumia.

"Twende hospitali," Fundi alimwambia siku ileile.

"Nimejigonga tu. Yatapita."

"Mficha maradhi..."

"Kifo humuumbua, najua. Lakini hili si maradhi, ni bega."

Fundi hakubishana. Aliujua ubishi wa mkewe.

Vidole hakuwa mjinga. Alikuwa anaogopa. Mtaa wa pili palikuwa na fundi bomba mmoja, watu walimwita Bomba tu. Mwaka uliopita Bomba alipasuliwa bega. Tangu hapo mkono wake haukupita usawa wa kifua. Habari hiyo ililetwa na wifi yake Vidole, yaani dada yake Fundi, mwanamke ambaye habari mbaya humkuta akiwa tayari amevaa viatu.

"Wifi yangu, nakwambia," alisema wifi, "yule mtu aliingia hospitali na mkono, akatoka na tawi."

Maneno hayo yalimkaa Vidole moyoni. Msusi bila mkono wa kulia ni nani? Kila alipouona mkeka, aliliona swali hilo.

Jumamosi moja alikuja mteja wa siku nyingi. Huyu alifanya kazi hospitalini, katika chumba cha mazoezi ya viungo. Kazi yake ilikuwa kuwafundisha watu walioumia kutumia tena mikono na miguu yao. Wagonjwa walimwita Nyosha, kwa sababu neno hilo halikumkauka mdomoni. "Nyosha. Nyosha tena kidogo."

Nyosha aliukataa mkeka. "Magoti yangu leo hayataki chini," alisema, akakaa kitini. Vidole alianza kusuka. Alipofika utosini, aliinua kiwiko chake cha kulia kwa mkono wa kushoto, akakiegemeza juu ya kichwa cha mteja. Nyosha aliona yote kwenye kioo.

"Dada, hebu ziache hizo nywele," alisema. "Njoo mbele yangu. Inua mikono yote miwili juu, kama mtu anayenyang'anywa simu."

Vidole alicheka, akainua. Mkono wa kushoto ulifika juu. Wa kulia ulifika kifuani ukasimama. Bega zima lilipanda hadi karibu na sikio, lakini mkono haukupanda.

"Tangu lini?" Nyosha aliuliza.

"Juzi juzi tu."

Cherehani ikanyamaza. "Miezi miwili," Fundi alisema kutoka dirishani.

"Fundi!"

"Mimi nashona tu," alisema Fundi, akaendelea kushona.

Nyosha aliuliza habari za kuanguka, na Vidole akaeleza. Nyosha alilishika bega pole pole, akalibonyeza hapa na pale. Kisha alisema, "Bega linashikwa na kano. Kano ni kama kamba ngumu. Upande mmoja imeshika msuli, upande wa pili imeshika mfupa. Msuli ukivuta, kano inavuta mfupa, na mkono unainuka. Sasa kano ikichanika, msuli unavuta bure."

"Watanipasua?"

"Sijui bado. Watu wengi wenye maumivu ya bega hawapasuliwi hata kidogo. Wanafanya mazoezi, wanapona. Ila wewe ulianguka, na tangu siku hiyo mkono hauna nguvu. Hiyo si ya kungojea. Ungekuja wiki ileile."

"Usipoziba ufa..." Fundi alianza.

"Utajenga ukuta!" wanawake wote wawili wakammalizia.

"Jambo moja," Nyosha alisema. "Andikeni maswali yenu kabla hamjaja. Mtu akifika mbele ya daktari, maswali hukimbia, yanarudi akiwa nyumbani."

Nyosha aliondoka siku hiyo akiwa amesukwa nusu kichwa. Nusu ya pili aliifunika kitambaa. Maswali ya Vidole yaliandikwa na Fundi kwenye karatasi ya kukatia nguo, nyuma ya kielelezo cha sketi.

Hospitalini walipanga foleni kwenye benchi refu. Na nani alikuwa amekaa mwisho wa benchi? Bomba mwenyewe. Mkono wake wa kulia ulikuwa pajani.

Vidole alipiga moyo konde, akasogea. "Samahani, kaka. Ni kweli walikuharibu bega?"

Bomba alimtazama, akacheka kwa aibu. "Nani kakwambia? Mtaa mzima, sivyo? Sikiliza, dada. Upasuaji wangu ulikwenda vizuri. Waliniambia mkono ukae kwenye mkanda wa shingoni wiki sita, kisha nije mazoezini. Mimi niliogopa maumivu. Nikasema nikiutuliza zaidi, utapona zaidi. Nikakaa na mkanda miezi minne. Nilipouvua, bega lilikuwa limekakamaa."

"Na sasa?"

"Sasa ndiyo nimeanza kuja kwa yule mama wa nyosha, nyosha. Ananitoa jasho. Lakini wiki iliyopita nimefika hapa." Alionyesha kidevu chake. "Nilijifunga mwenyewe, dada. Usinifanye mfano wa kuogopea hospitali."

Vidole alirudi kukaa karibu na mumewe. Hofu ilikuwa haijaisha, lakini ilikuwa imepungua uzito.

Daktari alikuwa mwanamke mfupi, mwenye miwani ambayo mguu wake mmoja ulifungwa uzi mweupe. Fundi alitaka sana kuufunga uzi huo upya, lakini alijizuia. Vidole alipigwa picha ya eksirei. Mifupa ilikuwa mizima. Kisha akapimwa kwa ultrasaundi, mashine inayoonyesha nyama za ndani kwenye kioo kidogo.

"Mama, kano moja imechanika na kuachana kabisa na mfupa," daktari alisema. "Ni ile inayoanzisha kazi ya kuinua mkono."

"Kumbe ni mkono wa shati uliofumuka begani," Fundi alisema.

Daktari alimtazama. "Wewe fundi cherehani? Basi utanisaidia kueleza. Ndivyo hasa. Umefumuka."

Vidole alifunua karatasi yake. "Swali la kwanza. Nisipopasuliwa, nitakufa?"

"Hapana. Huu si upasuaji wa dharura. Una siku za kufikiri. Ila usifikiri mwaka mzima, kwa sababu kano iliyoachana na mfupa hujivuta ndani, na msuli husinyaa. Baadaye kushona kunakuwa kugumu."

"La pili. Kuna njia gani nyingine?"

Daktari alivua miwani. "Njia ya kwanza ni kutopasua. Dawa ya maumivu, mazoezi, wakati mwingine sindano ya kupunguza uvimbe. Hii ndiyo tunayoanza nayo kwa watu wengi, hasa kama kano imelika kidogo kidogo kwa umri, au imechanika nusu. Kwako mazoezi yatapunguza maumivu, lakini kano haitarudi mfupani yenyewe. Njia nyingine ni kuishona. Tunaweza kuingia kwa matundu madogo, na kamera nyembamba inatuonyesha ndani. Au tunafungua mkato mmoja, mrefu zaidi. Njia zote mbili zinashona kano ileile. Matundu madogo yana maumivu machache siku za mwanzo."

"Basi wa matundu anapona haraka?"

"Wengi wanadhani hivyo. Ngozi inapona haraka. Kano haijui uliingilia mlango gani. Inataka miezi yake ileile."

"Nimesikia kuna watu wanawekewa bega la chuma," Fundi alisema.

"Wapo. Ni wale ambao kiungo chenyewe kimesagika au kuvunjika vibaya. Kiungo cha mama ni kizuri. Hatuhitaji kukigusa."

Vidole aliuliza swali la mwisho, lile ambalo hakumwambia Fundi aliandike. "Daktari, nitasuka tena?"

"Siwezi kukuahidi mia kwa mia. Kuna watu kidonda kinaingia wadudu, ingawa ni wachache. Kuna bega linakakamaa. Kuna kano inachanika tena. Lakini wewe una nguvu, huvuti sigara, na umekuja msuli ukiwa bado hai. Wengi wa aina yako wanarudi kazini. Kazi nyepesi ya mezani kwanza. Kazi ya kuinua mikono, miezi mitano au sita. Mimi kazi yangu ni saa mbili. Yako ni miezi sita. Kubwa ni yako."

Vidole alimpenda daktari kwa sababu hakumdanganya. Walikwenda nyumbani, wakazungumza siku tatu. Siku ya nne alikata shauri. Alikubali kushonwa.

Wifi aliposikia, alishika kichwa. Kisha alivua viatu, akashika ufagio. "Basi kama umeamua, mimi nitafagia," alisema. "Na atakayenisumbua kuhusu nyuzi na nywele atanikoma."

Upasuaji ulipita salama. Vidole alipozinduka, mkono wake wa kulia ulikuwa kama si wake. Hakuweza kuhisi hata kidole. Aliita kwa hofu, na muuguzi akaja mbio. "Ni dawa ya ganzi, mama. Mkono umelala. Kesho utaamka, na utakapoamka utauma. Kunywa dawa ya maumivu kabla haujaanza kuuma sana, usingoje." Ikawa kama alivyosema.

Alirudi nyumbani na mkanda wa kubebea mkono. Ulikuwa mweusi na mzito, wenye utepe wa shingoni na mwingine wa kiunoni. Kati ya mkono na ubavu palikuwa na kimto kigumu, kama tofali la sifongo.

"Mbeleko!" wifi alisema. "Wifi yangu una mtoto wa kubeba!" Tangu siku hiyo nyumba nzima iliuita mbeleko.

Fundi alifanya yote aliyoambiwa, na zaidi. Alimshonea mkewe blauzi mbili za vifungo vya mbele, zenye makwapa mapana. Mkono mgonjwa uliingia kwanza, na wakati wa kuvua ulitoka mwisho. Alijaza mabaki ya vitambaa kwenye foronya kubwa ili Vidole alale ameegemea, nusu amekaa, kwani kulala chali kulimuumiza. Wifi naye aliikariri karatasi ya hospitali yenye dalili za hatari. Kila asubuhi aliita kama mwalimu anayeita majina.

"Homa?"

"Hakuna."

"Usaha? Wekundu unaozidi?"

"Hakuna."

"Ganzi ya vidole? Mguu kuvimba?"

"Hakuna, wifi."

"Kifua kubana?"

"Kinabanwa na maswali yako."

Lakini siku ya tano Fundi alifanya kosa ambalo mtu mwingine asingelifanya. Alikuwa akiutazama ule mkanda mweusi tangu siku ya kwanza, kama mpishi anayetazama chakula cha jirani.

"Nani kashona hiki kitu?" alisema. "Angalia mshono huu. Umepinda! Shingoni unakukwaruza. Na hili tofali la nini? Linakutoa mkono nje kama jagi."

"Linanichosha, kweli," Vidole alikiri. Mgongo ulikuwa unamtoka jasho, na mlangoni hakuweza kupita bila kugonga kimto.

Fundi alichukua tepu, akampima. Alikata kitambaa cha maua mekundu, akakitia bitana laini na upindo wa hariri. Kwa ndani alitia mfuko wa simu. Kimto hakukitia. Mbeleko mpya ilikaa tumboni vizuri, mkono umelala bapa, kama wa bibi aliyepigwa picha zamani. Wateja walikuja kuitazama. Mmoja alitaka ya kwake, ingawa mkono wake ulikuwa mzima. Vidole aliivaa siku saba kwa fahari, na mkanda mweusi ukatupwa chini ya meza ya kukatia.

Siku ya kumi na mbili walirudi hospitalini kutolewa nyuzi za kidonda. Nyosha aliwapokea mlangoni. Aliona maua mekundu, akacheka kwa furaha. Kisha akatazama tena, na kicheko kikakoma.

"Kimto kiko wapi?"

"Nimekipunguza," Fundi alisema. "Kilikuwa kibaya."

Nyosha alivuta kiti, akamkalisha Fundi, si mgonjwa. "Shemeji, nikuulize. Ukishona kiraka, halafu mtu akakivuta na uzi bado hujaufunga, inakuwaje?"

"Uzi unakata kitambaa. Unafumuka."

"Ile kano imeshonwa mfupani kwa nyuzi. Mfupa na kano havijashikana bado. Mkono ukilala bapa tumboni, kano inavutwa. Kile kimto kinausogeza mkono nje kidogo, kano inalegea, inapata nafasi ya kushika. Kile kimto ndicho mbeleko yenyewe, shemeji. Vingine vyote ni urembo."

Fundi alibadilika rangi. Vidole hakuwahi kumwona mumewe akikosa neno mbele ya jambo la nguo. Alitaka kumkasirikia, lakini huruma ilimtangulia. Kisha hofu ikaja, ikafunika vyote viwili. Alikumbuka sauti ile ya kitambaa kinachochanwa.

"Imefumuka?" aliuliza.

"Sijui. Tumuone daktari sasa hivi."

Daktari alipitisha kile kifaa cha ultrasaundi juu ya bega, taratibu sana. Kioo kilionyesha kijivu na cheusi, na hakuna aliyejua kukisoma isipokuwa yeye. Fundi alisimama ukutani, ameishika mbeleko ya maua kwa mikono miwili. Vidole alihesabu vigae vya sakafu. Alifika kumi na saba.

"Imeshika," daktari alisema.

"Imeshika?"

"Nyuzi zote zipo mahali pake. Mna bahati. Msiijaribu tena."

Vidole alishusha pumzi ndefu, kama alikuwa hajapumua tangu asubuhi. Machozi yalimtoka bila kizuizi. Fundi alikaa sakafuni, palepale, juu ya kigae cha kumi na nane.

"Niue tu," alimwambia mkewe.

"Nani atanishonea blauzi?" Vidole alisema, akacheka akilia.

Nyosha alirudisha mkanda mweusi na kimto chake. Hakumgombeza Fundi tena. "Ufundi wako tunauhitaji," alisema. "Shona kifuniko laini cha ule utepe wa shingoni, usimkwaruze. Hapo tu. Ukitaka kubadilisha kitu kingine chochote, uliza kwanza." Fundi alishona kifuniko hicho jioni ileile, kwa pamba nyeupe, na kabla ya kukivalisha alimpelekea Nyosha picha kwa simu.

Mbeleko ya maua aliitundika kwenye msumari, juu kule kando ya rafu. "Ikae hapo inisute," alisema. "Siku utakayoifikia kwa mkono wako wa kulia, ndiyo siku nitakayojisamehe."

Vidole aliutazama msumari. Ulikuwa mbali.

Mazoezi yalianza madogo, hata yakamchekesha. Wiki za kwanza ilikuwa kukunja ngumi na kufungua, kuzungusha kifundo, kukunjua kiwiko. Mara kadhaa kwa siku aliinama mbele akiegemea meza ya kukatia, akaacha mkono uning'inie na kuyumba wenyewe taratibu. Bega lenyewe halikuruhusiwa kuinua kitu, hata kikombe cha chai. Vidole alipojaribu kumsuka wifi kwa mkono mmoja, wifi alimcheka.

"Kidole kimoja hakivunji chawa, wifi yangu."

"Kwani una chawa?"

"Nina methali tu. Kaa chini upumzike."

Wiki sita zilipotimia, daktari alimvua mkanda. Vidole alitaka kubaki nao wiki moja zaidi, kwa usalama. Nyosha aliinua kidole tu kuelekea benchi, alikokuwa amekaa Bomba, na Vidole akauacha mezani.

"Pole pole ndio mwendo," Nyosha alisema. "Lakini pole pole si kusimama."

Sasa vidole vyake vilianza kutambaa ukutani. Alisimama kando ya kioo, akaweka vidole vya mkono wa kulia ukutani, akavipandisha kimoja baada ya kingine kama mdudu, hadi bega likasema basi. Mahali hapo Fundi alipiga mstari kwa chaki ya kushonea, akapima kwa tepu. Kila Jumapili mstari mmoja, ulionyooka kama pindo la suruali.

"Wiki hii inchi mbili," alisema. Au, "Wiki hii moja na nusu." Wiki ya kumi mstari ulishuka chini ya ule wa nyuma. Vidole alikaa kwenye kigoda akafunika uso.

"Imechanika," alisema.

Nyosha, aliyekuja jioni ile kumjulia hali, alimpima, akatikisa kichwa. "Imechoka. Jana ulifua?"

"Kidogo."

"Ndiyo hivyo. Bega halipandi kama ngazi. Linapanda, linashuka kidogo, linapanda tena. Maumivu ya mazoezi yakiisha baada ya muda mfupi, hayo ni ya kawaida. Yakikaa hadi kesho yake, umezidisha. Punguza, usiache."

Mwezi wa tatu baada ya kushonwa alianza kuvuta mpira laini ili kuongeza nguvu. Mwezi wa nne alirudi kusuka, wateja watoto tu, wamekaa mkekani, kichwa kimoja kwa siku. Wateja wakubwa walimsihi. Mmoja alilia kabisa, ana harusi. Vidole alimkumbatia kwa mkono mmoja na kumpeleka kwa msusi wa mtaa wa nyuma. Zamani asingelimpa msusi yule hata salamu. Bomba naye alipita siku moja kuonyesha kwamba sasa anaweza kuchana nywele zake mwenyewe, ingawa, kusema kweli, alikuwa na kipara.

Mwezi wa sita daktari alimruhusu. Mteja wa kwanza wa kiti alikuwa Nyosha. Ilikuwa Jumamosi tena. Mkeka ulikuwa umekunjwa nyuma ya mlango, cherehani inakimbia, wifi anafagia miguuni mwa watu.

"Safari hii nataka kichwa kizima," Nyosha alisema. "Si nusu."

"Kaa utulie basi. Unacheza kama mtoto."

Vidole alimgawa nywele kwa kitana. Mistari ilitoka myembamba, imenyooka hadi utosini. Nyosha alikuwa anatazama kioo, kisha juu ya kioo.

"Ile mbeleko maarufu ndiyo hiyo? Nilikuwa na hasira siku ile, sikuiangalia vizuri."

"Ndiyo hiyo. Shika, uone bitana yake," Vidole alisema. Akainua mkono, akaitoa msumarini, akamwekea Nyosha mapajani. Akarudi kwenye nywele.

Cherehani ilisimama. Ufagio nao ukasimama.

"Wifi," wifi alisema kwa sauti ndogo ambayo hakuna aliyewahi kuisikia kwake.

"Nini tena? Homa hakuna."

"Umeifikia."

Vidole alitazama msumari. Ulikuwa mtupu. Alitazama mkono wake wa kulia, wenye kitana. Aliuinua tena, polepole, hadi ukagusa msumari, na bega halikusema kitu. Alibaki hivyo, mkono juu, machozi yakimshuka hadi kidevuni.

Fundi aliinuka dirishani. Alichukua chaki yake, akapita katikati yao, akafika ukutani. Alipiga mstari wa mwisho kando ya msumari.

Vidole aliutazama mstari ule kwa jicho la mke wa fundi cherehani.

"Umepinda," alisema.

"Najua," Fundi alisema, akafuta macho kwa mkono wa shati. "Uache hivyo hivyo."